Kuagua, Kukinga na Kupima: Lugha ya Hatari za Mazingira katika Bukoba na Muleba

1.0 Utangulizi

Mvua ya Bukoba aghalabu hunyesha asubuhi. Usiku hewa ya nchi kavu huteremka kuelekea ziwani, hukutana juu ya maji yenye uvuguvugu, na mawingu ya radi hujengeka juu ya Ziwa Viktoria; ikikaribia alfajiri pepo za mashariki huyasukuma mawingu hayo hadi ukingo wa magharibi. Ndiyo sababu mji wa Bukoba hupata takribani milimita 2,000 za mvua kwa mwaka, ilhali Karagwe, isiyo mbali sana upande wa magharibi, hupata kiasi kilicho kidogo zaidi. Itikadi ya jadi ya Buhaya ilieleza jambo hilo kwa ufupi: dhoruba hutoka ziwani kwa sababu ziwa lina mwenyewe, naye ni Mugasha. Maelezo haya mawili yanakubaliana juu ya mahali hatari inakotoka. Yanahitilafiana juu ya jambo jingine, nalo ni kama hatari hiyo inaweza kusemeshwa.

Makala haya yanaichunguza hitilafu hiyo kwa upande wa lugha. Katika hadithi za kubuni za dunia za kufikirika hutokea mara kwa mara elimu ya kichawi ya kupima hatari iliyomo katika ardhi, maji na anga, na kuigeuza iwe nguvu mikononi mwa mjuzi. Nchi za Maziwa Makuu hazikuhitaji kuibuni. Elimu hiyo ilikuwa na wataalamu wake, yaani abafumu (umoja: omufumu), ilikuwa na vifaa vyake, na ilikuwa na msamiati ambao sehemu yake imo hadi leo katika Kihaya (lugha ya E22 katika uainishaji wa Guthrie) na katika Kiswahili sanifu chenyewe, ijapokuwa msemaji wa Kiswahili haitambui tena sehemu hiyo.

Hoja inayotetewa hapa ni kwamba Kiswahili kimeyapokea maneno ya kukinga kutoka katika uganga na kuyapa kazi ya kisayansi bila kusita, lakini kimeyakataa maneno ya kuagua, na nafasi ya maneno hayo kimewapa maneno ya Kiarabu ambayo asili yake nayo ni uaguzi. Uchaguzi huo haukukusudiwa na chombo chochote. Hata hivyo una gharama, na gharama hiyo huonekana zaidi mahali ambapo watu hupokea tahadhari za serikali na maneno ya mfumu katika wiki moja, na mara nyingine kwa neno moja.

2.0 Mugasha na upatanisho wa kisarufi

Dini ya jadi ya Buhaya, kama ile ya Bunyoro, Nkore na Karagwe, iliwagawia Bachwezi sehemu za ulimwengu. Wamara, mkuu wao, ana kuzimu. Irungu ana pori. Kazoba ana jua. Mugasha ana maji, upepo wa ziwani na dhoruba. Upande wa kaskazini, Waganda humjua bwana wa ziwa hilo hilo kwa jina la Mukasa, mwenye makao yake katika visiwa vya Ssese, na ufanano wa majina hayo mawili si wa bahati tu. Habari za itikadi hizi zilianza kuandikwa mapema: Hermann Rehse aliichapisha nyingi kuhusu Kiziba mwaka 1910, na Francis Lwamgira, Mhaya mwenyewe, aliandika historia ya Kiziba kwa Kihaya, iliyochapishwa mwaka 1949.

Orodha hii ya Bachwezi husomwa kwa kawaida kama orodha ya miungu au mizimu. Kwa mwanaisimu yafaa isomwe pia kama uainishaji wa mazingira. Mandhari ya Bukoba na Muleba imegawanyika waziwazi: kuna kibanja, yaani shamba la migomba na mibuni linaloizunguka nyumba, kuna rweya, yaani nyika ya majani isiyo na rutuba, kuna misitu na vinamasi vya mabondeni, na kuna ziwa. Kila eneo lina madhara yake, na kila eneo la nje ya kibanja lina mwenyewe. Kwa hiyo swali la kwanza la mfumu halikuwa la ukubwa wa hatari. Lilikuwa swali la mahali ilikotoka, na jibu la ‘wapi’ lilikuwa papo hapo jibu la ‘nani’.

Hapo ndipo sarufi inapoingia. Katika Kihaya, “omuyaga” (upepo) ni nomino ya ngeli ya 3, na “enkuba” (radi) na “enyanja” (ziwa) ni za ngeli ya 9. Mugasha ni wa ngeli ya 1. Msemaji asemaye kwamba upepo umeugeuza mtumbwi amearifu tukio. Yule asemaye kwamba Mugasha ameugeuza amearifu tukio lile lile, lakini kwa kiambishi kimoja tu cha upatanisho amemweka mtendaji mwenye nia. Mtendaji huyo anaweza kuitwa kwa nafsi ya pili, kuulizwa, kuombwa, kulaumiwa na kupewa sadaka. Upepo wa ngeli ya 3 hauna nafsi ya pili isipokuwa katika ushairi. Ni kosa, basi, kudhani kwamba msemaji wa aina ya pili hajui upepo ni nini; mvuvi aliyemtolea Mugasha sadaka kabla ya kuondoka pwani alizitazama pia dalili za mawingu. Amechagua ngeli inayoruhusu mazungumzo.

Masimulizi ya Buhaya yenyewe yanalo jaribio moja mashuhuri la kupima bila kusemesha. Katika eneo la Katuruka, Maruku, husimuliwa kwamba mtawala Rugomora Mahe aliwaamuru wahunzi wake wajenge mnara wa chuma hadi mbinguni ili aone kulivyo, na mnara huo ukaanguka. Peter Schmidt, aliyeyachunguza masimulizi hayo na kuchapisha matokeo yake mwaka 1978, alichimba mahali panapohusishwa na mnara huo, penye mti uitwao Kaiija, na akapata mabaki ya kazi ya chuma ambayo aliyakadiria kuwa ya katikati ya milenia ya kwanza kabla ya Kristo. Tarehe hizo zimejadiliwa sana na wanaakiolojia. Lisilojadiliwa ni kwamba masimulizi yaliihifadhi kumbukumbu ya chuma mahali penye chuma.

Wayeyushaji chuma wa Buhaya ndio waliokaribia zaidi maana halisi ya ‘kuitumia hatari’. Schmidt na Donald Avery walionyesha, pia mwaka 1978, kwamba tanuri za Kihaya zilikuwa na mifereji ya udongo iliyoingizwa ndani ya tanuri, hivyo hewa ya mivuo ilipata joto kabla ya kuufikia moto, na halijoto ilipanda sana. Chini ya tanuri palichimbwa shimo lililotiwa dawa, na mafundi walijizuia na tendo la ndoa muda wote wa kazi. Hawakuwa na kipimajoto. Walikuwa na rangi ya moto, sauti ya mivuo, na miiko. Miiko hiyo haikuwa pambo lililobandikwa juu ya ufundi. Ndiyo iliyoamua nani akaribie moto, lini, na katika hali gani, na kwa sababu hiyo ilifanya sehemu ya kazi ambayo leo hufanywa na kanuni za usalama kiwandani.

3.0 Kuagua na kutabiri

Kitenzi cha Kihaya “okulagula” maana yake ni kuagua. Kutokana nacho hupatikana “okulaguza”, yaani kwenda kuaguliwa. Umbo hili la pili ni la usababishi: kwa tafsiri iliyo karibu zaidi na mofolojia, anayelaguza ‘anafanya uaguzi ufanyike’. Hivyo kisarufi mwenye shida ndiye mtenda, na mfumu ni mtu anayetendeshwa kazi. Jambo hili dogo linafaa kukumbukwa, kwa kuwa litarejea katika sehemu ya mwisho: katika mfumo huu habari ya hatari huanza na swali la anayehatarishwa.

Kiswahili kina kitenzi hicho hicho, nacho ni “agua”. Vyote viwili vinatokana na mzizi wa Mame-Bantu -dagud-. Kiswahili kimedondosha /l/ kama kilivyofanya katika “fungua”, ambacho katika lugha nyingi za bara ni “fungula”. Katika Kiswahili kinachosemwa Kanda ya Ziwa kuna pia neno “ndagu”, lenye sura ya mzizi huo huo, ambalo siku hizi limeporomoka kimaana na hutumiwa kwa dawa za utajiri zinazodaiwa kugharimu uhai wa mtu. Neno “omufumu” lina historia ndefu vilevile. Mzizi wake, -kumu katika Mame-Bantu, umezaa maana ya mganga katika lugha za Maziwa Makuu na maana ya mtawala katika lugha za Kongo, ambako “mfumu” ni chifu. Kwamba mzizi mmoja ulitosha kwa mtu anayetawala watu na kwa mtu anayetawala hatari si ajabu kwa yeyote anayeijua historia ya tawala za Maziwa Makuu.

Sasa tazama neno ambalo Kiswahili kimelichagua kwa kazi ya kisayansi ya kusema kabla ya tukio. Ni “tabiri”: utabiri wa hali ya hewa. Neno hili limetoka katika Kiarabu, na huko asili yake ni kufasiri, hususa kufasiri ndoto. Kwa hiyo kitaalamu mtabiri wa hali ya hewa ana jina la mfasiri wa ndoto, na hakuna anayemcheka. Mwaguzi, ambaye jina lake ni la Kibantu, hawezi kuajiriwa na mamlaka yoyote kwa jina hilo. Maneno yote mawili yamezaliwa katika uaguzi. Limepandishwa cheo lile lililofika na maandishi, na likaachwa lile lililokuwa likisemwa na watu wa bara katika lugha zao wenyewe.

Inaelekea sababu si dini peke yake. “Ramli”, ambalo nalo ni la Kiarabu na linahusu kupiga bao la mchanga, halikupandishwa. Tofauti ni kwamba “tabiri” ni kitenzi kisicho na kifaa wala mteja: mtu hutabiri jambo, wala hamtabirii mtu lazima. “Agua” na “piga ramli” hudai kuwapo kwa mtu aliyeketi mbele ya mjuzi. Wanaistilahi hupenda maneno yasiyo na watu ndani yake.

4.0 Kinga na mzio

Kinyume na kuagua, maneno ya kukinga yamepita lango la sayansi bila kizuizi, na mawili yanastahili kuangaliwa kwa kirefu.

La kwanza ni “mzio”. Katika matumizi ya zamani mzio ni kitu ambacho mtu hakili au haruhusiwi kukitumia kwa sababu ya ukoo wake, kiapo chake au masharti ya mganga. Katika Kihaya neno hilo ni “omuziro”, nalo hutaja mnyama au kitu cha mwiko cha ukoo. Umbo-kale -gido limeacha /z/ katika lugha zote mbili, na kwa mara nyingine Kiswahili kimedondosha konsonanti ya katikati ambayo Kihaya kimeibakiza. Leo daktari akisema mgonjwa ana mzio wa penisilini, anaeleza jinsi mwili unavyokikataa kitu ambacho kwa watu wengine hakina madhara. Ni vigumu kutaja istilahi ya Kiswahili iliyofanikiwa kuliko hii. Wazo la hatari isiyopimwa kwa kiasi bali kwa uhusiano (kitu hicho hicho ni chakula kwako na sumu kwangu) lilikuwa tayari limo katika neno la mwiko, na tiba ya kisasa ililikuta linaisubiri.

La pili ni “kinga”. Kihaya kinacho kitenzi “okukinga” kwa maana ya kufunga mlango. Kiswahili kina “kinga” kwa maana ya kuzuia dhara lisimfikie mtu. Kina vilevile “kinga” kwa maana inayoonekana kuwa kinyume chake, yaani kuweka chombo ili kipokee kinachoanguka: kukinga maji ya mvua, kukinga mikono. Mtu yule yule aliye chini ya paa linalovuja hukinga kichwa kisilowe na hukinga ndoo ijae. Kamusi huorodhesha maana hizo mbili na kwenda zake. Yafaa zionwe kuwa maana moja: kuweka kitu katika njia ya kinachokuja. Kama kinachokuja kitazuiliwa au kitavunwa, hilo huamuliwa na kinachowekwa. Kama lugha ya Kiswahili ina neno moja linaloweza kubeba wazo la kuitumia hatari, basi ni hili, na ni jambo la kusikitisha kwamba wahandisi wa maji, wanaozungumza kwa muda mrefu juu ya uvunaji wa maji ya mvua, hawakulichukua.

Waliolichukua ni waganga, kisha madaktari. Uganga una kinga za mwili, za nyumba na za shamba, pamoja na jamaa zake: zindiko, kago, fingo. Tiba ya kisasa ina kinga ya mwili. Na mahali maana hizo mbili zilipogongana kwa kishindo ni Kagera. Wagonjwa wa kwanza wa UKIMWI nchini Tanzania waliripotiwa katika mkoa huo mwaka 1983. Kabla ya jina hilo kutungwa, watu wa Bukoba waliuita ugonjwa huo “Juliana”, kwa jina la kitambaa cha fasheni kilichokuwa kikiletwa na biashara ya magendo kutoka ng’ambo ya mpaka, na “silimu”, kutokana na neno la Kiingereza lenye maana ya wembamba. Jina la kwanza lilitaja njia ambayo hatari ilipita. La pili lilitaja alama yake mwilini. Yote mawili yalikuwa majina ya watu wanaotazama. Jina la tatu lilitoka kwa wataalamu: Upungufu wa Kinga Mwilini.

Istilahi hiyo ni nzuri kwa vigezo vyote vya kawaida. Ni ya Kiswahili, inaeleweka, na kifupisho chake kimekuwa neno kamili. Lakini katika kijiji ambamo kinga ni kitu kinachotiwa mwilini na mfumu, kuambiwa kwamba ugonjwa ni upungufu wa kinga ni kuambiwa, kwa Kiswahili fasaha kabisa, mahali pa kwenda kuiongeza. Haifai kuwacheka waliolielewa hivyo. Walilielewa neno kwa maana iliyokuwa ya kwanza kihistoria, na mjumbe hakuwaambia kwamba ameibadili.

5.0 Aliyetupa radi

Hadi hapa uaguzi umeelezwa kwa heshima, na heshima hiyo ni haki yake kama mfumo wa maana. Kuna upande wa pili, nao pia hujitokeza kwanza katika sarufi.

Linganisha sentensi mbili za Kiswahili cha kawaida: “alipigwa na radi” na “alitumiwa radi”. Ya kwanza ni ya kutendwa, na mtenda wake ni radi. Ya pili ni ya kutendewa katika hali ya kutendwa. Radi imeshuka cheo ikawa kitu kilichotumwa, na nafasi ya mtenda imeachwa wazi. Hakuna aliyetajwa. Lakini kitenzi “tuma” hakiwezi kukosa mtumaji, na msikilizaji yeyote huhisi tundu hilo katika sentensi. Mazungumzo yote yanayofuata ni ya kulijaza.

Ulinganisho na sehemu ya 2.0 unaonyesha mabadiliko makubwa. Mugasha alipokuwa mtenda, nafasi ilikuwa imejazwa na asiyeweza kukamatwa wala kupigwa. Jibu la hatari lilikuwa sadaka na tahadhari ya kutoingia ziwani. Mugasha akiondolewa, kwa mahubiri au kwa shule, bila muundo wa kutendewa kuondolewa, nafasi ile ile hubaki wazi na anayeweza kuingizwa ndani yake ni jirani, mke mwenza, au bibi kizee. Kutokomea kwa Bachwezi hakukuleta lazima fikra ya upepo usio na nia. Katika sehemu nyingi kulileta fikra ya upepo wenye nia ya binadamu, nayo ni ya hatari zaidi kuliko upepo wenyewe.

Sheria imeliona tatizo hili kwa muda mrefu bila kuligusa mzizi. Sheria ya Uchawi ya mwaka 1928 ilikataza uchawi na pia kumtaja mtu kuwa mchawi. Mwezi Januari 2015, kufuatia mauaji ya watu wenye ualbino, hasa katika Kanda ya Ziwa, serikali ilitangaza kuwapiga marufuku wapiga ramli. Katika lugha ya matangazo ya aina hiyo limezoeleka neno ambalo wanaisimu wanapaswa kulithamini: “ramli chonganishi”. Kivumishi hicho hakisemi kwamba ramli ni ya uongo. Kinasema kwamba ramli imejaza nafasi ya mtenda kwa jina la mtu. Mtunzi wake asiyejulikana aliuona muundo wa kisarufi wa tatizo kwa usahihi kuliko waandishi wa sheria ya 1928.

Kwa hiyo si haki kudai, kama wanavyodai baadhi ya wapenzi wa elimu asilia, kwamba tahadhari za kisasa zirejeshwe mikononi mwa wafumu. Kinachostahili kurejeshwa ni kingine.

6.0 Tahadhari inayotolewa na tahadhari inayochukuliwa

Kitenzi cha kawaida cha kupima katika Kihaya cha leo ni “okupima”, na sauti yake yenyewe yaonyesha kwamba ni mgeni: /p/ ya Mame-Bantu katika Kihaya aghalabu imekuwa /h/, kama katika “okuha” mkabala na “kupa” ya Kiswahili. Upimaji wa kisasa ulifika Buhaya pamoja na Kiswahili, pamoja na ofisi, na mara nyingi umebaki kuwa wa ofisi.

Mamlaka ya Hali ya Hewa Tanzania hutumia ngazi tatu za maonyo: angalizo, tahadhari, na tahadhari kubwa. Ngazi hizo huhesabiwa kwa uwezekano wa tukio na ukubwa wa athari zake. Kimsamiati ngazi ya kwanza ni ya Kibantu, ya pili ni ya Kiarabu, na ya tatu ni ya pili iliyoongezewa kivumishi. Hilo si kosa kubwa. Tatizo lipo katika neno la kati. Mamlaka hutoa tahadhari. Wananchi huambiwa wachukue tahadhari. Mtu angedhani kinachotolewa ndicho kinachochukuliwa, kama mzigo unaopita kutoka mkono hadi mkono. Sivyo. Inayotolewa ni habari. Inayochukuliwa ni hatua, nayo haijatajwa. Neno moja limefunika pengo kati ya kujua na kutenda, na limelifunika vizuri kiasi kwamba watoaji hulala usingizi wakiamini wametoa vyote viwili.

Mfano wa namba isiyokuwa na msemaji ni wa zamani na wa uchungu. Meli ya MV Bukoba, iliyokuwa na uwezo wa kuchukua abiria 430, ilizama tarehe 21 Mei 1996 karibu na Mwanza ikitoka Bukoba kupitia Kemondo, na zaidi ya watu 800 wakafa. Kipimo kilikuwapo, kimeandikwa. Katika mfumo wa kulaguza, msafiri ndiye anayeuliza kabla ya kuingia chomboni. Katika mfumo wa namba, aliyepaswa kuuliza ni ofisi, na msafiri aliyesimama ngazini hakuwa na kitenzi cha kuulizia.

Tetemeko la tarehe 10 Septemba 2016 lilileta tatizo la aina nyingine. Liliua watu wasiopungua 17, na nyumba nyingi zilianguka au kupasuka katika mji wa Bukoba na wilaya zinazouzunguka. Magazeti na redio zilirudia namba moja, 5.9, wakiiita mara ukubwa, mara nguvu, mara ukali, na daima ‘kwa kipimo cha Richter’, ingawa wanasayansi wa matetemeko hutumia zaidi kipimo kingine siku hizi. Ukubwa na ukali ni mambo mawili. Ukubwa ni wa tetemeko zima na una namba moja. Ukali ni wa mahali, hubadilika kutoka bonde hadi mlima, kutoka nyumba ya matofali mabichi hadi nyumba ya nguzo. Mkazi wa Muleba aliyetaka kujua kama arudi kulala ndani alihitaji la pili akapewa la kwanza. Kiswahili kina maneno yote mawili; kilichokosekana ni uamuzi wa kuyatenganisha. Vivyo hivyo kwa “janga” na “maafa”: janga hutajwa kwa kinachoweza kudhuru, kwa madhara yenyewe, na tangu mwaka 2020 kwa maradhi ya dunia nzima. Lugha isiyotenganisha kinachotisha na kilichokwisha kutokea haiwezi kumwambia mtu kwamba bado ana muda.

Na mahali ambapo kipimo hakijapatikana kabisa, jina la muda hujitokeza. Katikati ya Machi 2023 wakazi wa kata za Maruku na Kanyangereko, Wilaya ya Bukoba, walitangaziwa kuwapo kwa “ugonjwa usiojulikana”. Tarehe 21 Machi ulitangazwa kuwa ni Marburg. Watu tisa waliugua, sita wakafa, na mlipuko ulitangazwa kwisha tarehe 2 Juni. Kisayansi “usiojulikana” lilikuwa neno la kweli. Kisarufi lilikuwa la kutendwa lisilo na mtenda: usiojulikana na nani? Ofisi ilimaanisha ‘na maabara, hadi sasa’. Katika eneo ambalo kuna wanaodai kujua, sentensi iliyoacha nafasi hiyo wazi iliialika ijazwe.

Mapendekezo yanayotokana na uchunguzi huu si ya kutunga maneno mapya. Tangazo linalosema “wavuvi wachukue tahadhari kutokana na upepo mkali unaotarajiwa katika maeneo ya Ziwa Viktoria” lina kila kitu isipokuwa mahali, saa, tendo na mtu wa kuulizwa, yaani mambo ambayo mfumu alilazimika kuyataja kwa sababu aliyeuliza alikuwa ameketi mbele yake. Linaweza kuandikwa upya kwa Kiswahili kile kile: “Usiku wa leo kuanzia saa nane, upepo kutoka ziwani utafika Bumbire kabla ya alfajiri. Mwenye mtumbwi usio na injini asiondoke pwani hadi saa tatu asubuhi. Aliye na shaka amwulize ofisa wa mwalo, ambaye atakuwapo usiku kucha.” Katika maneno hayo upepo umebaki katika ngeli yake ya 3, hakuna aliyeutuma, na kuna mtu wa ngeli ya 1 anayeweza kusemeshwa.